Ligi ya 2: kijana wa Kamatanda anangojea kalenda

LIKASI – Kwa kijana anayecheza mpira Kamatanda, ngazi iko wazi kwenye karatasi. Anaanza na timu ya kartiye, anapita kwenye mashindano ya mji, kisha ligi ya jimbo, kisha Ligi ya 2 ya LINAFOOT, na mwisho Ligi ya 1, pale wanapocheza TP Mazembe, Lupopo na AS Vita Club. Shida iko kwenye kipago cha nne. Hapo ndipo wengi wanakwama, na si kwa kukosa miguu.

Ubingwa wa taifa ni wa zamani. Ulianza mwaka 1958, na Saint-Éloi Lupopo ndiyo iliyouchukua kwanza. Lakini daraja la pili lenye ratiba yake halikuwapo kwa miaka mingi. Bingwa wa mahali alikuwa anatoka kwake kwenda kupambana na mabingwa wa majimbo mengine kwa siku chache, halafu anarudi nyumbani kungojea mwaka mwingine. Ligi ya 2 ililetwa ili kuziba tundu hilo, na wazo lenyewe ni jema.

Namna yake ya kuchezwa ni ya kanda tatu: Magharibi, Kati-Kusini na Mashariki. Likasi iko Kati-Kusini, pamoja na Katanga yote ya zamani na Kasai. Kila kanda inacheza peke yake, na wanaoongoza ndio wanaotafuta nafasi ya kupanda.

Kuna wanaosema kanda zifutwe, iwe ligi moja ya nchi nzima kama majirani. Ni kweli, Tanzania ilikuwa na makundi katika daraja hilo, leo Championship yao ina timu 16 kwenye jedwali moja. Lakini Tanzania ina kilometa za mraba karibu 945.000, na Congo ina zaidi ya 2.300.000. Tena kule basi linatoka Mwanza jioni na kufika Dar es Salaam kesho yake. Nani atapanda basi Likasi aende kucheza Kindu? Timu ya daraja la pili ikilipa ndege kwa watu 25, pesa ya msimu imekwisha kwa safari mbili. Hata ndani ya Kati-Kusini, kutoka Likasi kwenda Mbuji-Mayi ao Kananga kwa barabara ni mateso ya siku kadhaa, na treni ya SNCC kila mtu anaijua.

Kanda zibaki, basi. Tena Kati-Kusini ingegawanywa mara mbili katika awamu ya kwanza: Katanga upande wake, Kasai upande wake. Likasi, Lubumbashi na Kolwezi ziko kwenye barabara moja, RN1. Kutoka Likasi hadi Lubumbashi ni kama kilometa 120 tu, timu inaenda asubuhi na kurudi usiku. Kwa safari fupi namna hiyo, klabu yenye mfuko mwembamba inaweza kucheza mechi nyingi. Na mechi ndizo zinamfanya mchezaji. Kijana wa miaka 19 anayecheza mara nane kwa mwaka hawezi kusimama mbele ya beki wa Mazembe, hata awe na kipaji gani.

Lakini kugawa kanda hakutasaidia kitu kama kalenda haiheshimiwi. Ligi ya 1 yenyewe imekuwa ikigeuzwa-geuzwa: ilikuwa ya kanda, ikawa kundi moja msimu wa 2018-2019, ikarudi kwenye makundi mawili msimu wa 2023-2024. Msimu wa 2022-2023 haukufika mwisho, na mwaka 2023 FIFA ikaweka kamati ya kurekebisha mambo ya FECOFA. Kama juu kunatikisika hivyo, huku chini nani anakumbukwa? Idadi ya timu zitakazopanda na zitakazoshuka inapaswa kuandikwa na kutangazwa mbele ya filimbi ya kwanza, wala isiguswe tena hadi msimu uishe. Mfadhili wa Likasi, mwenye duka ao mwenye malori, hatoi dola zake kwa mashindano ambayo hajui mshindi anapata nini.

Kuhusu pesa, watu wa Kamatanda wana haki ya kuuliza swali moja zaidi. Wanaishi juu ya shaba. Wachimbaji wadogo wanashuka kwenye mashimo kila siku, na vijana wengi wameacha mpira kwa sababu gunia la mawe linalipa leo, mpira labda kesho kutwa. Sheria ya madini ya mwaka 2018 inatoa asilimia 25 ya mrabaha kwa jimbo na asilimia 15 kwa mamlaka ya mahali madini yanapotoka, kwa ajili ya maendeleo ya msingi. Kiwanja kimoja kilichosawazishwa, chenye ukuta na choo, ni kidogo sana ndani ya hesabu hiyo.

US Panda B52 imeonyesha kwamba timu ya Likasi inaweza kufika Ligi ya 1. Imefanya hivyo katika mji wenye kiwanja kikubwa kimoja cha kutajwa, kile cha Kikula. Viongozi wa mpira wa jimbo wana nafasi ya kupeleka pendekezo la kugawa Kati-Kusini mbele ya kalenda ya msimu ujao kupangwa, na klabu za Likasi, Kolwezi na Lubumbashi zingeweza kulitia sahihi pamoja.