Machozi ya Shangazi Si Mali Yangu

Sisi tunaotengeneza filamu za maisha yetu tuna msemo tunaoupenda: simulia uchungu wako, utapona. Mimi siuamini tena.

Asubuhi ya tarehe 3 Desemba 2023, tope, mawe na magogo viliporomoka kutoka Mlima Hanang, vikafunika sehemu ya mji wa Katesh na vijiji vya jirani, Gendabi na Jorodom. Walikufa zaidi ya watu 80. Mwaka uliofuata nilitoka kwetu Mbulu na kamera ya chuo, nikaenda kumrekodi shangazi yangu kwa filamu ya shahada ya uzamili. Nikamwuliza tope lilifikaje mlangoni. Akalia. Nikavuta picha karibu.

Usiku ule mvua ilipogonga bati, shangazi alikaa mlangoni hadi alfajiri, viatu mguuni. Darasani kipande kile kilisifiwa. Kilimponya nani? Mimi nilipata alama. Yeye alilirudia tope.

Msiniambie alisaini fomu. Mimi ni mtoto wa kaka yake, angenikataliaje? Ridhaa ya kweli ni ile ambayo mtu anaweza kuiondoa baada ya kujiona. Kwa hiyo aliyerekodiwa aione filamu kabla ya mwalimu na kabla ya tamasha, na akisema kata, tukate.

Nilimpelekea. Akasema, "Mwanangu, acha shamba lilivyofukiwa, watu waone. Hapo ninapolia, toa."

Nimetoa. Filamu imepungua dakika tatu. Sioni ilichopoteza.