Kioo Hakileti Sura Ngeni

Ndugu mwandishi anadai televisheni ni kioo tu, eti huonyesha urembo ambao jamii imekwisha kuupenda. Basi atueleze ya Fiji. Huko Nadroga mwili mnene ulikuwa sifa. Aliyekonda alihurumiwa, akaongezewa chakula. Televisheni ikaingia 1995 na tamthilia za Marekani. Mwaka huo mtafiti Anne Becker hakukuta, kati ya wasichana wa shule aliowahoji, hata mmoja anayejitapisha ili apungue. Mwaka 1998 walifika asilimia 11.3. Sampuli zilikuwa ndogo, wasichana 63 na 65, tena si walewale; namkubalia hilo mapema, asije akaling'ang'ania. Lakini wasichana wenyewe walisema waziwazi: walitaka miili ya waigizaji wale.