Seli Zisizokufa

Mwezi Oktoba 1951, Henrietta Lacks, mama wa watoto watano, alifariki dunia mjini Baltimore, Marekani, kwa saratani ya mlango wa kizazi. Alikuwa na umri wa miaka 31. Seli zilizotolewa katika uvimbe wake, bila ya yeye kuombwa ridhaa, zinaendelea kugawanyika maabara hadi leo. Kama kuna kitu cha mwanadamu kilichopata kukwepa kifo, basi ni hicho: saratani iliyomuua mwenyewe.

Mwaka 1961, Leonard Hayflick na Paul Moorhead walionesha kwamba seli za kawaida za binadamu zikikuzwa maabara hugawanyika mara 50 hivi, kisha hukoma. Ncha za kromosomu hufupika kila seli inapogawanyika, na ufupi huo ni mojawapo ya breki zinazoizuia seli kuasi. Seli nyingi za saratani huzirefusha upya ncha hizo kwa kimeng'enya kiitwacho telomerasi. Kikomo ambacho watu hukilalamikia, basi, ni sehemu ya ulinzi wa mwili. Wauzao dawa za kurudisha ujana hawalitaji jambo hili.

Hamu ya kuishi haina lawama. Mama atakaye kumwona mwanawe akimaliza shule hatafuti umilele. Anatafuta miaka kumi, na tiba yaweza kumpatia: kwake uchunguzi wa mapema, kwa bintiye chanjo ya HPV. Kosa huanza pale ndugu wanapouza shamba kwa ajili ya dozi ambayo hata daktari haiamini, naye akaiandika kwa kuwa kusema "haitasaidia" ni vigumu zaidi. Mgonjwa huambiwa atapona. Sehemu kubwa ya kosa hilo ni ya wavaao makoti meupe.

Aliyefichwa ukweli hawezi kuaga, kugawa alichonacho, kupatana na nduguye, wala kuchagua kufia nyumbani. Mara nyingi hunyimwa hata morfini, kwa hofu ya kumfanya teja au kumharakishia kifo, hofu isiyo na msingi dawa ipimwapo vema. Uganda, ambako Anne Merriman alianzisha Hospice Africa mwaka 1993, morfini ya maji hunywewa nyumbani, na wauguzi waliofunzwa huruhusiwa kuiandika.

Ndugu wakiuliza kama hakuna dawa nyingine, ipo: morfini kila baada ya saa nne, pamoja na dawa ya kulainisha choo. Lakini mgonjwa aelezwe kwanza, yeye mwenyewe, na mwelezaji awe ameketi.