Klipu ya kwanza ni ipi?

Kwenye kipindi cha wiki hii mlisikia vipande vya video za zamani kuhusu Waasia wa Kenya na Uganda waliohamia huku Uingereza. Wengi wao walikuja na Kiswahili chao mdomoni, kwa hiyo habari hii ni yetu pia. Leo tuongee jambo moja tu: unapopanga klipu, unaanza na ipi?

Wengi huanza na Enoch Powell, Birmingham, tarehe 20 Aprili 1968, akionya kwamba wahamiaji wataiharibu nchi. Halafu inafuata 1972: Idi Amin anawapa Waasia siku 90 waondoke, ndege zinatua Stansted, akina mama wa kujitolea wanagawa nguo. Mwisho, Oktoba 2022, Rishi Sunak anaingia Downing Street akiwa waziri mkuu. Baba yake alizaliwa Kenya, mama yake Tanganyika. Tamu, si ndiyo? Tulikataliwa, tukavumilia, tukapokelewa. Mwisho wa hadithi.

Sasa ongeza vitu viwili uone.

Kwanza, rudi nyuma wiki saba kabla ya Powell. Mwishoni mwa Februari 1968, serikali ya Labour ilipitisha sheria bungeni kwa siku tatu tu. Ilikuwa inawalenga hasa Waasia wa Kenya: hata kama una pasipoti ya Uingereza, kama huna mzazi wala babu au bibi mwenye asili ya huku, huwezi kuingia hivi hivi. Kumbe mlango ulishaanza kufungwa kabla Powell hajafungua mdomo! Mbona hatuanzi hapo? Kwa sababu mijadala ya wabunge Westminster haikuonyeshwa kwenye televisheni mpaka 1989. Powell alikuwa na kamera mbele yake, ile sheria haikuwa nayo. Basi weka skrini nyeusi na tarehe, msomaji mmoja asome maneno ya wabunge. Pengo nalo lionekane.

Pili, Aprili 2022, Kigali. Priti Patel, waziri wa mambo ya ndani, ambaye wazazi wake walitoka Uganda miaka ya 60, anasaini mkataba wa kupeleka Rwanda watu wanaoomba hifadhi Uingereza. Ukiiweka klipu hii kabla ya Sunak, ile hadithi tamu inayumba. Mjadala haukuisha. Aliyekuwa anajadiliwa jana, leo ndiye anayejadili wengine.

Neno la wiki: kumbukumbu. Ni kile alichonacho bibi kichwani, na ni kile kilichotunzwa kwenye makabati ya televisheni. Jina moja, lakini havifanani kila mara. Kwa hiyo wiki hii mwonyesheni mzee mmoja nyumbani klipu yoyote ya zamani, halafu mwulizeni kwa Kiswahili: kabla ya hapa, nini kilitokea?

Tukutane wiki ijayo, inshallah.