Magofu ya Wamaya, lakini wenyewe wangalipo

Msomaji, ukijaliwa kufika Mexico, tenga siku moja uzuru Chichén Itzá. Kutoka Cancún ni kilomita 200 hivi, kwa hivyo mabasi ya watalii huondoka alfajiri.

Piramidi ya Kukulkán ina pande nne, kila upande vidato 91. Jumlisha na kile cha juu kabisa upate 365, siku za mwaka mzima! Kupanda hakuruhusiwi, ila piga makofi mbele yake usikie mwangwi ukilia kama ndege.

Baadaye, jitose katika kisima cha Ik Kil, karibu na hapo.

Ukiweza, chagua kiongozi Mmaya. Wengi hudhani watu hawa walitoweka, kumbe vizazi vyao wamo vijijini humo humo, wakizungumza Kimaya.