Mlima wa Sumaku Haukushona Mitepe Yetu

Ndugu msomaji, ikiwa ulilelewa pwani, hapana shaka uliwahi kusimuliwa ule mlima wa sumaku uliomo katika Alfu Lela Ulela. Ajibu bin Khasibu, mfalme aliyependa bahari, asafiri na majahazi yake hata upepo uwapoteze. Mwangalizi apanda mlingotini, ateremka na kusema ameona kitu cheusi mbali. Nahodha avua kilemba chake, akibwaga, aangua kilio. Kesho yake chombo chakaribia jabali jeusi, na kila msumari wachomoka mbaoni na kurukia jiweni. Mbao zatawanyika majini. Juu ya jabali pana kuba la shaba, na juu ya kuba mpanda farasi wa shaba, kifuani ana bamba la risasi lililoandikwa hirizi.

Bibi yangu akifika hapo hukohoa, nasi hutulia tuli.

Lililonitatiza mimi, mtoto wa chuoni, lilikuwa jingine. Ajibu aota kwamba mtu wa shaba atamjia na mashua, naye ameonywa asitaje jina la Mwenyezi Mungu. Aketi kimya siku kumi, kisha aona visiwa vya salama, kwa furaha amshukuru Mola wake, na mashua yapinduka! Nikamwuliza, "Bibi, vipi jina la Mola lizamishe chombo?" Akanijibu, "Mjukuu wangu, ile si mashua na yule si mtu. Ni sihiri, na sihiri haistahimili jina hilo. Kwani Ajibu alikufa? Si aliogelea akafika pwani?" Nilitosheka, na hata leo natosheka.

Basi sina ugomvi na hadithi. Ugomvi wangu ni na wale waitoao hadithini na kuifanya tarikhi. Juzi nilimsikia kijana mmoja akiwatembeza wageni, akiwaambia kwamba wazee wetu walishona mitepe kwa kamba kwa kuwa waliogopa majabali ya sumaku baharini. Wageni wakacheka kwa adabu. Mimi sikucheka, maana maneno yale yawageuza mafundi wetu kuwa watu waliotishwa na ngano ya kulaza watoto.

Uvumi wenyewe ni mkongwe. Ptolemy, Mgiriki wa Iskandaria wa karne ya 2, alikwisha taja visiwa ambavyo ati huzuia vyombo vyenye misumari. Lakini Procopius, mwandishi wa Kirumi wa karne ya 6, aliukataa. Alisema vyombo vya Warumi vilivyojaa chuma vilipita Bahari ya Shamu wala havikudhurika, na kwamba wenye kushona hawana chuma tu. La kwanza alilisema vyema. La pili haliwahusu watu wa kwetu, kwa kuwa Al-Idrisi, katika kitabu alichokimaliza mwaka 1154, aandika kwamba watu wa Malindi walichimba chuma na kufanya biashara yake. Chuma kilikuwapo, na bado mtepe ukashonwa. Kwa nini?

Waliosafiri wenyewe wana majibu bora. Al-Masudi, aliyefika pande zetu katika karne ya 10, asema maji ya bahari hii hula misumari. Ibn Battuta, aliyetua Mombasa na Kilwa mwaka 1331, asema bahari ina miamba mingi. Chombo cha misumari kikigonga huvunjika, na cha kamba hunepa. Fundi yeyote wa Faza au Siyu angekubaliana naye. Mbao zilitobolewa kandokando, zikaunganishwa kwa vijiti, kisha zikakazwa kwa kamba za makumbi ya nazi. Tanga lilikuwa mkeka. Chombo kama hicho chaweza kukalishwa mchangani maji yakitoka, kikapakuliwa, kikangoja maji yajaye. Sisemi kilikuwa hakina ila: kilivuja sana, mabaharia walichota maji usiku na mchana, na kamba zilitaka kushonwa upya kila mara. Lakini ilikuwa hiari ya watu wanaoijua bahari yao, tena hiari ya kale. Mgiriki aliyeandika habari za pwani hii katika karne ya 1 aliutaja mji wa Rhapta, na jina hilo kwa lugha yake latokana na kushona.

Na hiyo sumaku yenyewe, walioiogopa ni watu wa hadithini. Mabaharia wa kweli waliitumia. Bailak al-Qibjaqi, aliyeandika juu ya mawe mwaka 1282, asema manahodha wa Bahari ya Hindi walikuwa na samaki mdogo wa chuma, mwenye uwazi ndani, aliyeelea majini na kuwaonyesha upande. Jiwe ambalo kwa Ajibu liling'oa misumari, kwao lilikuwa dira. Hilo ndilo la kuwaambia wageni, nalo lastaajabisha kuliko mlima.

Mitepe imekwisha baharini tangu karne iliyopita. Mwaka 2003 uliundwa mmoja upya na kuwekwa Beit al-Ajaib, Unguja, na Desemba 2020 sehemu ya jengo hilo ikaporomoka. Huku kwetu Lamu kila mwaka majahazi hushindanishwa katika tamasha, watu wakashangilia, na ni vyema. Ningependa waandalizi watenge siku moja tu, wamwite mzee ajuaye kusokota kamba ya makumbi na kufunga mbao kwayo, wamlipe haki yake, na wale vijana wanaotembeza wageni wakae mbele yake wakiwa na sindano mkononi. Mbao mbili zatosha kwa kuanzia.