Sura ya bangoni si kazi ya mgombea

Uchaguzi wa Sudan Kusini ulioahirishwa mwaka 2024 ulipangiwa Desemba 2026. Kabla mabango hayajajaa barabarani, jihadhari na jicho lako. Mwaka 2005 watafiti nchini Marekani waliwaonyesha watu picha za wagombea wa Seneti wasiowafahamu. Aliyeonekana hodari usoni ndiye aliyekuwa ameshinda katika takriban chaguzi 7 kati ya 10. Sura hupata nguvu pale habari zinapokosekana. Sote tunaitambua kofia nyeusi ya Rais Salva Kiir, lakini kofia, suti au tabasamu la mgombea yeyote havituelezi lolote kuhusu maji, shule wala usalama. Mgombea akifika mtaani, muulize: umefanya nini, wapi, na shahidi wako ni nani?